Mama kashtakiwa kwa kukata migomba 11, kaachiwa huru. Sasa kihamba ni cha nani?

#1 BintiMgombani

Wakuu habari za jioni. Uzi ni mrefu, wekeni chai kabisa.

Baba alifariki miaka tisa iliyopita akamwacha mama kwenye kihamba (shamba la familia la migomba) Moshi Vijijini, ule upande wa juu ambako vihamba vimebanana mpaka ukipiga chafya jirani anakuitikia. Kati yetu na baba mdogo kulikuwa na mstari wa masale aliopanda babu. Kwa wasiotoka kwetu: sale ndilo jani la mpaka, na ndilo hilo hilo unalompelekea mtu uliyemkosea ukitaka msamaha. Halichezewi.

Mwaka jana baba mdogo akaanza kusema mpaka wa kweli uko chini zaidi, hatua kumi na nane ndani ya kwetu. Tulikuja kujua kumbe alitaka njia ya gari. Asubuhi moja tukakuta masale yameng'olewa na kupandwa upya chini ya mfereji. Mama hakusema neno. Wiki ya pili akashika panga, akaingia kwenye kile kipande akakata migomba kumi na moja iliyochoka ili apande mipya, kama anavyofanya kila mwaka.

Baba mdogo akakimbilia kituo cha polisi akachukua RB, ile namba ya kuonyesha umefungua malalamiko. Mama ana miaka 63, alikaa pale tangu saa nne asubuhi hadi saa mbili usiku, ndipo akatolewa kwa dhamana. Kuna mtu pale alimwambia kwa upole kabisa: "Mama, ukikubali tu kwamba mpaka ni huo, mambo yanaishia hapa." Akakataa. Akapelekwa Mahakama ya Mwanzo kwa makosa mawili: kuingia kwa jinai na kuharibu mali.

Siku ya ushahidi nilikuwepo. Baba mdogo alieleza vizuri tu, akaleta mashahidi wawili. Hakimu akamsikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza swali moja: "Hiyo migomba iliyokatwa aliipanda nani?"

Baba mdogo kimya. Hakimu akarudia. Ndipo akajibu, "Marehemu kaka."

"Na masale ya zamani aliyang'oa nani?"

Hapo hakujibu kabisa.

Hukumu ilikuja wiki tatu baadaye. Kwa ufupi: mahakama haiwezi kusema mshtakiwa ameingia kwenye ardhi ya mlalamikaji wakati haijajulikana ardhi ni ya nani, na wa kulijua hilo si mahakama hii. Mshtakiwa yuko huru, mwenye madai ya ardhi aende kwenye vyombo vya ardhi.

Tulipiga vigelegele nje. Jioni hiyo hiyo baba mdogo akapita kilabuni anasema, "Kaachiwa kwa sababu ya uzee wake, shamba bado ni langu." Mama naye anasema mahakama imetupa shamba letu. Nani yuko sahihi? Na je, tunaweza kumshtaki kwa alichomfanyia mama? Nawasilisha.

#2 ChaiYaRangi

Hatua kumi na nane kwa ajili ya kupitisha Noah. Naomba nikae hapa, wanasheria wanakuja.

#3 MsomiWaKijiweni

Mleta uzi, pole kwa mama. Jibu la swali la kwanza: wote wawili wamekosea.

Hakimu alichofanya si huruma. Ni msimamo wa siku nyingi. Kwenye Sylivery Nkangaa dhidi ya Raphael Albertho, [1992] TLR 110 (TLR ni vitabu vya hukumu za Tanzania), Mahakama Kuu ilisema shtaka la kuingia kwa jinai haliwezi kusimama pale ambapo ardhi yenyewe ina mgogoro na umiliki wake haujaamuliwa kwa shauri la madai. Mwaka mmoja kabla yake kuna Ismail Bushaija dhidi ya Jamhuri, [1991] TLR 100: ubishi wa umiliki ukijitokeza ndani ya kesi ya kuingia kwa jinai, mahakama isiendelee na shtaka, imshauri mlalamikaji afungue madai.

Angalia majina ya ile ya kwanza: mtu na mtu, Jamhuri haimo. Ndivyo zinavyokuwa kesi za jinai zinazoanzia Mahakama ya Mwanzo, mlalamikaji ndiye anayesimama mwenyewe kuendesha kesi yake. Ndiyo maana mahakama hizi ndizo zinazopendwa na watu wenye ugomvi wa mipaka. Unapata RB, jirani analala mahabusu, na wewe hujalipia hata mpima ardhi.

Sababu ya msimamo huo iko kwenye kosa lenyewe. Kifungu cha 299 cha Kanuni ya Adhabu (namba nazotoa ni za toleo la 2022, angalieni toleo mnalotumia) kinataka uwe umeingia isivyo halali kwenye mali iliyo mikononi mwa mtu mwingine, tena ukiwa na nia ya kutenda kosa au kumtisha, kumtukana au kumuudhi aliye nayo. Sasa kama hatujui nani mwenye haki pale, huo uharamu wa kuingia utaupimaje? Kisha kuna kifungu cha 9, ambacho kingeweza kumwokoa mama hata peke yake: mtu hana hatia kwa kosa linalohusu mali ikiwa alichokifanya alikifanya akiamini kwa dhati kwamba ana haki nayo, bila nia ya kudanganya. Haitakiwi awe sahihi. Inatakiwa awe mkweli katika kuamini kwake.

Mjane anayekata migomba iliyopandwa na mumewe, mchana kweupe, watu wanamwona, panga lake mwenyewe... nani atasema hakuamini?

#4 KiwanjaKimoja

Samahani wakuu, mimi mambo haya yananichefua. Nilinunua kiwanja Kigamboni, kimepimwa, hati ninayo. Nikasafiri miezi minne, narudi nakuta ukuta wa tofali na kijana mlinzi ananiuliza "unamtafuta nani mzee?" Nikaenda kituoni na hati mkononi. Wakaniambia: "Hilo ni la madai, nenda Baraza la Ardhi." Kwa hiyo mvamizi anajenga, mimi napanga foleni ya baraza. Huo msimamo mnaousifia ndio kichaka cha wavamizi wote wa mji huu.

#5 MzeeKirungu

Nimefanya kazi ya polisi miaka 31, nimestaafu nafuga kuku. Niseme ukweli wa pande zote mbili.

KiwanjaKimoja ana haki ya kulalamika. "Ni madai" ni neno rahisi sana, unafunga jalada unakwenda kunywa chai. Na kwa mama wa mleta uzi ilikuwa kinyume chake: jalada lilipaswa kufungwa siku ya kwanza, likafunguliwa ili limlainishe. Nimeyaona. Mtu anawekwa ndani Ijumaa mchana makusudi, ili mpaka Jumatatu awe tayari kusaini karatasi yoyote. Karatasi ya namna hiyo ukiifikisha mbele ya hakimu makini ina thamani ya kufungia maandazi.

Tulichokuwa tunafundishana sisi wa zamani ni kwenda kwenye eneo kwanza. Huhitaji sheria nyingi. Uliza wazee nani analima hapa, tangu lini, na huyu mwingine alianza kudai lini. Ukikuta wote wawili wana hadithi inayoshikika, rudisha RB mfukoni, wape barua ya kwenda baraza. Ukikuta mmoja hana hadithi, ana panga na vijana sita, huyo ni wako.

#6 MsomiWaKijiweni

Mzee Kirungu, shikamoo. Umesema kitu ambacho wengi wetu tunakizungusha kwa Kilatini.

@KiwanjaKimoja, msimamo huu haumlindi mtu anayetamka tu neno "mgogoro". Mahakama inatakiwa kuona ubishi wa kweli. Mifano ambayo kesi ya jinai inaendelea vizuri tu: baraza limeshaamua, dalali wa mahakama amekukabidhi eneo, kesho yake yule aliyeshindwa anarudi na trekta. Hapo umiliki umeshaamuliwa, hana la kudai. Au mlinzi uliyemwajiri na kumlipa mshahara, siku unamwondoa anasema shamba lake. Au mtu kaghushi barua ya toleo (ile ya serikali ya kukumilikisha kiwanja) au mkataba wa mauziano: kughushi ni kosa linalosimama lenyewe, halingojei kujua nani mwenye kiwanja. Aliyeuza kiwanja kimoja kwa watu wawili huku akijua, naye asitafute kivuli hapa. Na vurugu ni vurugu. Kuna kosa la kuingia kwenye ardhi kwa nguvu, kifungu cha 85, na hata mwenye haki haruhusiwi kuichukua ardhi yake kwa mapanga. Ukimkata jirani mkono juu ya mpaka, usitegemee kusema mpaka una mgogoro.

Kwa wako, swali ni je, aliyejenga ana nini mkononi? Kama alitapeliwa na dalali na ana mkataba aliouamini, yeye huenda si mhalifu, mhalifu ni aliyemuuzia. Huyo ndiye wa kumfungulia jalada. Na ukuta unausimamisha kwa amri ya zuio la muda, ambayo unaiomba pamoja na shauri lako. Usingoje.

#7 KiwanjaKimoja

Ana mkataba, ndiyo. Umeshuhudiwa na mwenyekiti wa mtaa. Hapo sikuwa nimewaza. Lakini bado nasema aliyekuwa na hati asipewe foleni moja na asiyekuwa nayo.

#8 Mnakuru

Niaje wadau wa Bongo. Huku kwetu Kenya story ni tofauti kidogo, nichangie.

Sisi tuna kifungu cha 193A cha sheria ya mwenendo wa jinai. Kinasema kwamba kuwepo kwa kesi ya madai juu ya jambo lile lile si sababu ya kusimamisha kesi ya jinai. Kwa hivyo ukienda mbele ya hakimu ukisema tu "niko na kesi ya shamba kule Mahakama ya Mazingira na Ardhi", atakuambia uendelee kujitetea. Watu wengi huumia hapo.

Lakini kuna mlango mwingine. Ibara ya 157(11) ya Katiba inamtaka Mkurugenzi wa Mashtaka aangalie maslahi ya umma na azuie matumizi mabaya ya mchakato wa sheria. Ukiweza kuonyesha kwamba kesi imeletwa kukubana ili uachilie mali, unaenda Mahakama Kuu kuomba isimamishwe. Kwenye kesi ya Kamishna wa Polisi dhidi ya Kenya Commercial Bank, 2013, Mahakama ya Rufani ilikataa polisi waendelee na jambo ambalo lilikuwa limezungushwa miaka mingi kwenye kesi za madai. Maneno yao kwa ufupi ni kwamba jinai isifanywe kete ya kuchezea madai.

Shida ni gharama. Kwa Mahakama Kuu unahitaji wakili na pesa si haba. Huyo mama wa migomba, angekuwa Molo au Njoro, angetegemea kifungu cha 8 cha Kanuni yetu ya Adhabu, ambacho ni ndugu wa hicho cha 9 chenu, na angekitumia baada ya kusikilizwa kesi nzima.

#9 MsomiWaKijiweni

Asante Mnakuru. Tofauti nyingine ambayo Watanzania wengi hawaijui: huku, Sheria ya Mahakama za Ardhi, Sura ya 216, imeziondolea mahakama za mahakimu uwezo wa kusikiliza madai ya ardhi chini ya sheria za ardhi. Kwa hiyo hakimu wa Mahakama ya Mwanzo haruhusiwi kuamua umiliki wa kihamba hata kama baba mdogo angemfungulia madai badala ya jinai. Akimtia mtu hatiani kwa kuingia kwenye "ardhi ya mlalamikaji", amepitia dirishani kuamua jambo ambalo mlangoni amezuiwa. Zipo hukumu nyingi zinazotenguliwa kwenye rufaa kwa sababu hiyo tu. Ukitiwa hatiani namna hiyo, rufaa ni Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30, msilale.

Na kosa la pili, la migomba, lilianguka kwa sababu ile ile. Kuharibu mali, kifungu cha 326, adhabu yake inaweza kufika miaka saba, si mchezo. Lakini lazima mlalamikaji athibitishe mali ni yake. Migomba imeota ardhini, ukishindwa kuonyesha ardhi ni yako, migomba unaidaije? Tena aliyeipanda kamtaja mwenyewe.

Sasa @BintiMgombani, nina swali ambalo hutalipenda. Mirathi ya marehemu baba mlifungua?

#10 BintiMgombani

Hapana. Tuliona haina haja, shamba lipo, mama yupo, sisi watoto hatugombani.

#11 MsomiWaKijiweni

Hapo ndipo mama anapokosea anaposema mahakama imempa shamba. Alichopewa ni uhuru wake. Kuachiwa huru kumeacha mpaka pale pale ulipokuwa, yaani haujulikani. Baba mdogo akiamka kesho akafungua shauri, mnaanza upya kabisa, na pingamizi la kwanza litakuwa hili: wewe mama unadai kama nani? Ardhi ya marehemu inadaiwa na msimamizi wa mirathi.

Kwa hiyo kwanza fungueni mirathi, mnaweza kuifungua Mahakama ya Mwanzo hapo hapo. Mhakikishe mama, au mmoja wenu, anateuliwa. Wakianza za "ukoo hauruhusu mwanamke", Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, kifungu cha 20, imezibatilisha mila zinazomnyima mwanamke haki ya kumiliki au kutumia ardhi.

Pili, angalieni muda. Kudai ardhi ni miaka 12, na kwa ardhi aliyofariki marehemu akiwa anaitumia, hesabu inaanza siku ya kifo. Umesema tisa. Mmebakiwa na mitatu.

Tatu, baraza la kata. Tangu mabadiliko ya 2021 halitoi tena hukumu, linasuluhisha tu. Lakini Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halitawasikiliza bila cheti cha kata kwamba usuluhishi umeshindikana, isipokuwa siku 30 zikipita tangu mpeleke jambo na kata haijamaliza.

#12 BintiMgombani

Nimesoma mara tatu. Mitatu! Na tulikuwa tunapika pilau.

Na swali langu la pili? Kumshtaki baba mdogo.

#13 MsomiWaKijiweni

Madai ya kushtakiwa kwa hila yapo, soma Hosia Lalata dhidi ya Gibson Zumba Mwasote, [1980] TLR 154. Mnatakiwa kuonyesha kwamba yeye ndiye aliyesababisha mama kushtakiwa, kesi ikaisha kwa ushindi wa mama, hakuwa na sababu ya msingi, alisukumwa na nia mbaya, na mama akaumia kwa hilo. Muda ni miaka mitatu.

Ushindi mnao. Nia mbaya ndiyo kazi. Baba mdogo atasema aliamini kipande ni chake, na akiaminika, imani yake itamwokoa kama ya mama ilivyomwokoa mama. Kinachomwangusha ni masale. Mtu anayeamini mpaka ni wake hang'oi usiku. Mna shahidi aliyemwona?

#14 BintiMgombani

Yupo kijana aliyekuwa anachota maji mferejini alfajiri. Alimwona na jembe. Ila ni kibarua wake.

#15 MzeeKirungu

Binti, masikio yangu yameona mengi (ndiyo, masikio). Kabla ya kumpeleka kokote, mpeni nafasi kule kata. Wazee wakiwepo, na yule kijana akiwepo, mtu anaweza kujirudi. Akikataa mna cheti, hamjapoteza kitu.

#16 ChaiYaRangi

Naomba kujua tu, ile migomba kumi na moja iko wapi? Kielelezo au mtori?

#17 BintiMgombani (wiki sita baadaye)

Wakuu narudi na mrejesho.

Mirathi imefunguliwa, mama kateuliwa msimamizi, hakuna aliyepinga, hata baba mdogo hakutokea. Kata tumekaa mara mbili. Mara ya kwanza alisema yuko tayari kugawana, hatua tisa kwa tisa. Mama akamuuliza, "Tisa za nani?" Mara ya pili hakuja. Yule kijana alikuja, akasema alichokiona, sijui kazi yake ikoje sasa. Cheti tumepewa Jumanne na maombi yameshapokelewa wilayani. Tumeambiwa wajumbe watakuja kuliona eneo wenyewe, kwa hiyo mtu asiguse chochote.

@ChaiYaRangi, mashina yapo vile vile yalivyokatwa. Kwenye manne kati yake machipukizi yameshafika kiunoni, na mama anayapita kila asubuhi akienda kukata majani ya ng'ombe, mikono nyuma.